Kufanya Kazi Nje ya Nchi: Maswali Yanayoulizwa Mara kwa Mara na Wakazi wa Tanga

Maswali haya yametoka kwa watu wanaojiandaa kuondoka Tanga kwenda kutafuta kazi Mombasa, Muscat, Dubai, Durban au baharini, na kwa wengine waliokwisha kurudi. Nimeyaacha kama yalivyoulizwa, isipokuwa pale ambapo swali moja lilinijia kwa sura kumi. Jibu lililokwisha kutolewa halirudiwi. Msomaji anaelekezwa kwenye namba yake. Ada na taratibu hubadilika, kwa hiyo panapohusu malipo ulizia tena kwenye ofisi inayohusika kabla ya kutoa fedha.

## Kuvuka Horohoro

1. Tunaambiwa Afrika Mashariki ni soko moja. Kwa nini siwezi kuvuka Horohoro leo na kuanza kazi Mombasa kesho?

Kwa sababu kuvuka ni haki moja na kufanya kazi ni nyingine, ingawa zote mbili zimo katika itifaki moja. Itifaki ya Soko la Pamoja la Jumuiya ya Afrika Mashariki ilitiwa saini Novemba 2009 na kuanza kutumika tarehe 1 Julai 2010. Ibara yake ya 7 inahusu watu kuingia na kutoka, na Ibara ya 10 inahusu wafanyakazi. Raia wa nchi mwanachama anayeingia kutembea, kuuguza ndugu au kutafuta soko la bidhaa zake hugongewa muhuri wa kukaa hadi miezi sita bila kulipia viza. Muhuri huo haumpi ruhusa ya kushika kazi ya mshahara hata kwa siku moja.

Hapa ndipo wengi wa kwetu wanapoteleza. Kutoka mjini hadi Horohoro ni kilomita zipatazo 65 za lami, lugha ni ileile, wali wa nazi ni uleule, na pengine shangazi yuko Likoni; mtu haoni kama amekwenda ng'ambo. Lakini siku maofisa wa uhamiaji wanapoingia kwenye karakana au hoteli na kuuliza vibali, ujirani huo hauna kazi, na mara nyingi tajiri, yaani mwajiri, aliyekuwa akikuita "ndugu yangu wa Tanga" ndiye wa kwanza kusema kwamba ulikuja kumsalimia tu.

2. Ni kazi gani hasa zilizofunguliwa kwa raia wa Jumuiya?

Kila nchi iliandika orodha yake katika viambatisho vya itifaki, na orodha hizo hazilingani. Kwa jumla wenye taaluma na mafundi wa ngazi ya kati ndio waliotajwa, ilhali kazi za mikono zisizodai cheti, ambazo ndizo vijana wetu wengi wanazozifuata, hazikupewa nafasi kubwa. Ndiyo maana mwalimu au mhandisi hufunguliwa mlango ambao kwa msaidizi wa fundi gari huwa na kufuli.

Zipo pia taaluma ambazo vyama vyake vya kitaaluma vimekubaliana kutambuana: wahasibu na wasanifu majengo (2011), wahandisi (2012) na madaktari wa mifugo (2016). Kutambuliwa huko humwondolea mtu mzigo wa kufanya mitihani upya. Kibali cha kazi bado anakihitaji.

Msomaji asidhani kwamba ubahili huu uko upande mmoja. Julai 2025 serikali ya Tanzania ilitoa amri inayowakataza wasio raia kuendesha aina 15 za biashara, zikiwemo uwakala wa fedha kwa simu, ufundi wa simu na saluni, na Wakenya waliokuwa na vibanda upande wetu wakalalamika kwa maneno yaleyale tunayolalamika sisi tukiwa kwao.

3. Naweza kuvuka kwa kitambulisho cha NIDA?

Usitegemee. Kenya, Uganda na Rwanda zilikubaliana mwaka 2014 kwamba raia wao wavuke kwa vitambulisho vya taifa. Tanzania haikuingia katika mpango huo. Utahitaji pasipoti au hati ya dharura ya kusafiria. Pasipoti ya kielektroniki, iliyoanza kutolewa Tanzania mwaka 2018, hudumu miaka kumi na ndiyo inayokubalika kwenye maombi ya kibali cha kazi. Hati ya dharura ni ya safari, na mtu anayejenga maisha ya kazi juu yake atakwama pale itakapoisha muda.

Beba pia kadi ya chanjo ya homa ya manjano. Chanjo huanza kuhesabiwa siku kumi baada ya kuchomwa, na tangu Julai 2016 kadi hiyo ni ya maisha, kwa hiyo usikubali kuuziwa "ya kuhuisha".

4. Nani anaomba kibali cha kazi Kenya, mimi au tajiri?

Tajiri ndiye anayetakiwa kuanza, kwa kuwa kibali hufuata mkataba, na mkataba humtaja yeye. Kwa mujibu wa kanuni za Jumuiya kuhusu wafanyakazi, mtu mwenye mkataba wa zaidi ya siku 90 anapaswa kuomba kibali ndani ya siku 15 za kazi tangu kufunga mkataba, na mamlaka inatakiwa kujibu ndani ya siku 30. Kibali cha kwanza hutolewa kwa muda usiozidi miaka miwili na huweza kuongezwa. Kwa mkataba mfupi wa siku 90 au chini yake, hutolewa pasi maalumu.

Tajiri anayekuambia "anza kwanza, karatasi baadaye" anakuomba ubebe hatari yake. Ukikamatwa, yeye hulipa faini akaendelea na duka lake. Wewe hurudishwa Horohoro na jina lako hubaki kwenye kompyuta ya mpakani.

5. Mimi ni fundi, lakini ufundi nimeupata kwa kukaa na fundi. Sina cheti chochote.

Hili ni swali la watu wengi kuliko wanavyokiri. Ujuzi wa mkononi hauonekani kwenye fomu. VETA, mamlaka ya mafunzo ya ufundi stadi, ina utaratibu wa kumpima na kumrasimisha fundi aliyejifunza kazini, ambapo mwombaji huonyesha kazi kwa vitendo kisha akapewa cheti cha ngazi anayostahili bila kukaa darasani miaka miwili. Ukimaliza hilo utakuwa na karatasi ya kuambatanisha kwenye maombi yaliyoelezwa katika swali la 4.

Kwa wachomeleaji waliopata kazi kwenye mradi wa bomba la mafuta ghafi linalotoka Hoima hadi Chongoleani, kilomita 1,443, zipo nasaha za ziada. Kazi za ujenzi wa bomba huwa nyingi kwa miaka michache, kisha hubaki za uendeshaji ambazo ni chache sana, kwa hiyo wengi watatazama nje. Cheti cha mchomeleaji kinachotolewa kwa viwango vya kimataifa hutaja njia ya kuchomelea, unene wa chuma na mkao, na hupoteza nguvu iwapo mhusika hakuitumia njia hiyo kwa miezi sita. Kabla ya kuondoka kwenye mradi, mwombe msimamizi akusainie kumbukumbu za kazi zenye tarehe. Nimeona kijana mwenye mkono mzuri ajabu akikosa kazi Ghuba kwa sababu alikuwa na picha za simu za mshono wake wa chuma, na hakuwa na karatasi hata moja yenye saini.

## Uarabuni

6. Kafala ni kitu gani, na kwa nini kila mtu anaitaja?

Ni mfumo unaofunga uhalali wa mfanyakazi kwa mtu mmoja, yaani kafili aliyemwombea viza. Kafili ndiye anayemleta, ndiye anayehuisha ukaazi wake, na ukiacha kazi bila ridhaa yake unaweza kuhesabiwa mtoro ingawa kosa ni lake. Wazee wa Tanga hawahitaji maelezo marefu. Mkoa huu, tangu mkonge ulipoingizwa na Wajerumani mwaka 1893, uliishi kwa kazi za manamba walioletwa kutoka Kigoma, Songea, Ruanda-Urundi na Msumbiji, kila mmoja na namba yake na kipande chake, yaani kadi ya kuhesabia siku 30 za kazi, na mshahara haukulipwa mpaka kipande kijae. Babu zetu waliwaona manamba wakishushwa Korogwe. Leo wajukuu ndio wanaoshuka Muscat.

Zipo nchi zilizolegeza kamba. Qatar iliondoa mwaka 2020 sharti la mfanyakazi kupata ridhaa ya tajiri kabla ya kuhamia kazi nyingine, na Machi 2021 ikaweka kima cha chini cha riyali 1,000 kwa mwezi kinachowahusu pia wafanyakazi wa nyumbani. Oman, tangu Januari 2021, humruhusu aliyemaliza mkataba kuhamia kwa tajiri mwingine bila barua ya kutokuwa na pingamizi kutoka kwa tajiri wa kwanza. Saudi Arabia ilifanya mageuzi mwaka huohuo lakini ikawaacha nje wafanyakazi wa nyumbani. Neno "kumaliza mkataba" lina uzito: anayeteswa mwezi wa nne wa mkataba wa miaka miwili hasaidiwi sana na mageuzi ya Oman.

7. Kazi ya ndani inalindwa na sheria ya kazi ya huko?

Kwa kawaida hapana. Hulindwa, ikiwa inalindwa, na sheria ya pembeni. Kuwait ilipitisha sheria yake mwaka 2015, Qatar mwaka 2017, na Falme za Kiarabu zilibadilisha ya mwaka 2017 kwa sheria ya 2022 inayodai siku ya mapumziko kila wiki na saa 12 za kupumzika kwa siku, angalau 8 kati yake zikiwa za mfululizo. Sheria mpya ya kazi ya Oman ya mwaka 2023 haikuwajumuisha wafanyakazi wa nyumbani. Ninalitaja hili kwa sababu Oman ndiko wengi wetu wanakokwenda, tukivutwa na Waomani wanaosema Kiswahili na kwa majina ya koo tunayoyajua. Kusikilizana lugha kunarahisisha mambo jikoni, lakini saa za kazi hazipungui kwa sababu hiyo.

8. Nitajuaje kwamba wakala ni halali?

Wakala wa ajira nchini anatakiwa kuwa na leseni chini ya Sheria ya Taifa ya Kukuza Huduma za Ajira ya mwaka 1999, na kanuni za mawakala binafsi zilitolewa mwaka 2014. Uliza jina la kampuni kwenye Kitengo cha Huduma za Ajira, TaESA, au kwenye ofisi ya kazi ya mkoa, na uliza jina lenyewe lilivyoandikwa, maana kuna wanaotumia leseni ya mwenzao. Kwa Zanzibar utaratibu ni wao wenyewe. Mtu wa Tanga anayevushwa kwanza Unguja au Pemba "ili mambo yawe mepesi" anahamishwa kutoka ofisi inayomjua kwenda isiyomjua.

Dalali wa mtaani, ambaye kwa kawaida ni mtu tunayemheshimu na pengine anaitwa mama fulani au shekhe fulani, si wakala. Hana mkataba na yeyote isipokuwa kamisheni yake. Nami nilipokwenda Muscat mara ya kwanza nilipelekwa na dalali wa namna hiyo, na nilipompigia simu wiki ya pili akaniambia nivumilie, kwamba kila mtu hulia mwezi wa kwanza. Mwezi wa tano namba yake haikupatikana.

9. Nani anapaswa kulipia safari?

Tajiri. Mkataba wa Shirika la Kazi Duniani namba 181 wa mwaka 1997 unakataza mawakala kumtoza mfanyakazi ada ya kutafutiwa kazi, na mikataba ya kazi za ndani ya Ghuba kwa kawaida huweka viza na tiketi juu ya mwajiri. Gharama zinazobaki kwako ni nyaraka zako mwenyewe: cheti cha kuzaliwa, pasipoti na chanjo.

Tatizo hasa ni deni linalojificha. Wakala husema "hulipi kitu", kisha mishahara ya miezi miwili au mitatu ya mwanzo inakatwa. Ukikubali makato, yawe yameandikwa kwa kiasi na kwa mwezi. Wanaochukua mkopo wa kikoba kumlipa dalali huondoka wakiwa wameshafungwa mguu, kwani mtu mwenye marejesho ya kila wiki nyumbani havunji mkataba hata akipigwa.

10. Wamenipa viza ya matembezi na kusema itabadilishwa nikifika. Niende?

Usiende. Viza ya matembezi haina tajiri ndani yake, kwa hiyo hakuna anayewajibika kwako kisheria, na ukifanya kazi nayo wewe ndiye mvunja sheria. Inatumika pia kukwepa utaratibu wa Tanzania, ambao unataka mkataba wa mfanyakazi wa ndani anayekwenda Ghuba upitie ubalozi wetu katika nchi husika. Ndiyo sababu baadhi ya mabinti wa Tanga hupandishwa basi la Mombasa na kurushwa kutoka uwanja wa ndege wa Kenya: huko hakuna ofisa atakayewauliza mkataba wa Kitanzania. Ukiona safari yako ya Muscat inapita Horohoro, iulize inakimbia nini.

11. Nimeletewa mkataba. Niangalie nini?

Nieleze mmoja niliouona. Binti wa Mabawa aliuleta umekunjwa ndani ya kanga, kurasa tatu, Kiarabu upande wa kulia na Kiingereza upande wa kushoto, hauna Kiswahili. Aliahidiwa saluni. Kwenye mstari wa kazi paliandikwa mfanyakazi wa nyumbani. Mstari wa mshahara ulikuwa na nukta tupu, kisha mtu akaandika tarakimu kwa kalamu ya wino wa bluu, na wino huo haukuwa ule wa saini ya tajiri. Mahali pa anwani ya nyumba pana jina la mji tu. Alikuwa ameshatia saini, kwa sababu aliambiwa gari la kwenda Dar es Salaam liko nje linamsubiri.

Kwa hiyo tazama jina kamili la tajiri na namba yake ya kitambulisho, aina ya kazi, idadi ya watu na vyumba vya nyumba kama ni kazi ya ndani, mshahara kwa fedha ya nchi ile, siku ya mapumziko, na nani anayelipa tiketi ya kurudi. Nafasi tupu isijazwe baada yako. Linganisha nakala utakayobaki nayo na itakayokwenda ubalozini, neno kwa neno, kwa kuwa udanganyifu wa kawaida ni mikataba miwili: mmoja mzuri wa kuonyesha ubalozi na mwingine unaokutwa uwanja wa ndege. Piga picha kila ukurasa na umpe mtu wa nyumbani anayejua kutunza simu yake.

12. Tajiri amechukua pasipoti yangu.

Katika nchi nyingi za Ghuba ni kosa kwa tajiri kuizuia pasipoti ya mfanyakazi, na katika nyumba nyingi za Ghuba hilo hufanyika kila siku. Omba kwa upole, na kwa ujumbe wa maandishi ili pabaki ushahidi. Kabla hujaondoka Tanga, toa nakala ya ukurasa wenye picha na ya viza na uihifadhi kwenye barua pepe, maana ubalozi unaweza kukutengenezea hati ya dharura kwa haraka ukiwa na namba ya pasipoti, na kwa taabu sana usipokuwa nayo.

13. Nikikimbia, niende wapi?

Ubalozi wa Tanzania uko Muscat, Riyadh, Abu Dhabi, Doha na Kuwait, na Dubai kuna ubalozi mdogo. Hifadhi namba yake kichwani, kwa sababu simu ndicho kitu cha kwanza kuchukuliwa. Polisi ni njia nyingine, ingawa uwe tayari kukuta kwamba tajiri ameshafika kutoa taarifa ya utoro au ya wizi. Aliyeripoti mapema yuko mahali pazuri zaidi. Usikimbilie kwa mtu anayekuahidi kazi ya siku bila karatasi. Ripoti ya Human Rights Watch ya Novemba 2017 kuhusu Watanzania waliofanya kazi za ndani Oman na Falme za Kiarabu ilieleza mambo haya kwa kirefu: pasipoti kuzuiwa, mishahara kukatwa, kupigwa, na waliokimbia kutishiwa kushitakiwa.

## Baharini na kusini

14. Nataka ubaharia. Wakala wa meli ananidai fedha ya "kunipandisha".

Hapa sheria ni nyoofu kuliko mahali pengine popote. Mkataba wa Kazi za Mabaharia wa mwaka 2006, ambao Tanzania iliuridhia, unakataza baharia kutozwa ada ya kupatiwa kazi. Anachoweza kulipia ni cheti cha afya, kitabu cha baharia na pasipoti au nyaraka nyingine za safari. Mafunzo ya msingi ya usalama hutolewa katika Chuo cha Bahari Dar es Salaam, na msimamizi wa mambo ya meli na mabaharia bara ni TASAC, Shirika la Uwakala wa Meli Tanzania. Kijana aliyezaliwa Kigombe au Deep Sea akiwa anajua ngalawa kabla ya kujua kusoma bado atahitaji vyeti hivyo, na anastahili kukasirika kidogo.

15. Tanzania iko SADC. Je, naweza kufanya kazi Afrika Kusini kwa uanachama huo?

Hapana. Itifaki ya SADC ya mwaka 2005 kuhusu watu kusafiri haijaanza kutumika kwa kukosa idadi ya kutosha ya nchi zilizoiridhia. Mtanzania huingia Afrika Kusini bila viza kwa matembezi ya hadi siku 90, na makosa yanayofuata ni yaleyale ya swali la 1. Ajira halali hupatikana zaidi kwa wenye ujuzi adimu unaotajwa kwenye orodha ya serikali yao. Anayekwenda kuuza barabarani azingatie pia mashambulizi dhidi ya wageni ya 2008, 2015 na 2019, ambayo yaliwaangukia kwanza wenye vibanda.

## Fedha na mafao

16. Mshahara wangu wa nje utakatwa kodi?

Kenya, ukiajiriwa kwa kibali, utakatwa kama Mkenya: kodi ya mapato, mchango wa hifadhi ya jamii, asilimia 2.75 ya bima ya afya na asilimia 1.5 ya nyumba. Uliza hesabu baada ya makato kabla ya kusema mshahara ni mnono. Mkataba wa nchi za Jumuiya wa kuzuia kutozwa kodi mara mbili ulitiwa saini mwaka 2010 lakini haujaanza kufanya kazi. Nchi za Ghuba hazitozi kodi ya mshahara. Oman imepitisha kodi ya asilimia 5 kuanzia mwaka 2028 kwa mapato yanayozidi riyali 42,000 kwa mwaka, kiwango ambacho mpishi wa Kitanzania hatakifikia kwa pilau.

17. Nitatumaje fedha nyumbani?

Kutoka Kenya, M-Pesa huvuka mpaka moja kwa moja. Kutoka Ghuba, tumia duka la kubadilishia fedha lenye leseni na utunze risiti, kwa sababu risiti ndizo zitakazoonyesha mshahara ulianza kukatika mwezi gani. Kutuma kwa mkono wa msafiri ni rahisi mpaka siku msafiri anapokana.

18. Michango yangu ya NSSF itakuwaje?

Haipotei, lakini hairuki mpaka. NSSF hupokea mwanachama wa hiari, kwa hiyo unaweza kuendelea kuchangia ukiwa nje. Kabla ya kuondoka hakikisha jina kwenye kadi ya uanachama, NIDA na pasipoti ni moja. "Mwanaidi" wa huku na "Mwanahidi" wa kule ni watu wawili mbele ya karani.

## Hali zisizo za kawaida

19. Nimepata kazi ya kompyuta Thailand, mshahara mkubwa, usaili umefanyika kwa WhatsApp.

Vijana wengi wa Afrika Mashariki wamepokewa uwanja wa ndege Bangkok na kuvushwa hadi Myanmar, kwenye majengo yenye ulinzi wa silaha ambako hulazimishwa kutapeli watu mtandaoni. Kwa sheria yetu ya mwaka 2008 dhidi ya usafirishaji haramu wa binadamu, aliyekupeleka huko ana kesi ya kujibu, hata kama ulipanda ndege kwa hiari yako. Kazi isiyo na anwani ya ofisi unayoweza kuipigia na mkataba unaoweza kupita ubalozini, kama ilivyoelezwa katika swali la 11, iache.

20. Babu yangu alivuka kwenda Kenya zamani akiwa mvuvi. Sisi tuliozaliwa huko ni raia wa wapi?

Inategemea. Wapemba waliohamia pwani ya Kenya waliishi vizazi bila vitambulisho mpaka mwaka 2023, Kenya ilipowatambua, kama ilivyofanya kabla yake kwa Wamakonde waliotoka Msumbiji na kufanya kazi katika mashamba ya mkonge na miwa ya Kwale. Mtu mzima haruhusiwi na sheria ya Tanzania kuwa na uraia wa nchi mbili, kwa hiyo kabla ya kuomba kitambulisho cha Kenya jua unachokiacha. Kwa mtoto aliyezaliwa huko wakati wewe uko kazini, sajili kizazi kwanza katika nchi aliyozaliwa, kisha wasiliana na Ubalozi Mdogo wa Tanzania Mombasa. Bila cheti cha kuzaliwa, kila hatua nyingine inakuwa ya kuapa mbele ya wakili.

21. Nilirudi nikiwa nadai mishahara ya miezi mitano. Naweza kudai nikiwa Tanga?

Unaweza kujaribu, na haraka ndiyo muhimu, kwa kuwa madai ya kazi katika nchi za Ghuba yana ukomo mfupi, mara nyingi mwaka mmoja tangu ajira kwisha. Andika maelezo yako kwa tarehe, ambatanisha mkataba, picha za ujumbe wa simu na risiti za fedha ulizotuma, kisha upeleke kwenye Wizara ya Mambo ya Nje ili yafikishwe ubalozini. Mtu anaweza kusimamia kesi huko kwa niaba yako ikiwa umempa hati ya uwakilishi iliyothibitishwa, na hati hiyo hutengenezwa kwa wakili hapa, ikagongwa muhuri wizarani na kwenye ubalozi wa nchi husika ulioko Dar es Salaam kabla ya kutumwa. Kama bado hujapanda ndege ya kurudi, hati hiyohiyo isaini kule kule, kabla viza haijafutwa.